AC ya magurudumu kwenye chumba cha kupanga Dar: uchague ipi, uifungeje, uitunzeje

Swali: "Fundi, habari za kazi. Nimepanga vyumba viwili Tabata, nyumba ya bati yenye siling bodi ya jipsamu. Nina mtoto wa miezi saba, tangu Desemba halali vizuri na mwili umejaa vipele vya joto. Mwenye nyumba hataki ukuta utobolewe, kwa hiyo spliti haiwezekani. Kariakoo nimeoneshwa vitu viwili. Kimoja ni cha bei nafuu, unakiwekea maji na barafu. Kingine ni ghali, kina magurudumu na bomba nene nyuma. Wauzaji wote wanasema ni AC. Nichukue kipi? Cha ukubwa gani kwa chumba cha futi 12 kwa 13? Na nikishakifikisha nyumbani nakifunga na kukitunza vipi? LUKU tunatumia moja na wapangaji wengine wawili."

Nzuri, dada yangu. Poleni wewe na mtoto. Chukua chenye bomba, kisipungue BTU 12,000 (BTU ni kipimo cha nguvu ya kupoza), lakini usilipe hata shilingi kabla hujarudi nyumbani ukalitazama dirisha la chumba mnacholala. Dirisha ndilo litakaloamua kama pesa yako itakuletea ubaridi au kelele tu. Na vipele vya mtoto vikianza kutoa usaha au akipata homa, mpeleke kituo cha afya, usisubiri mashine.

Kabla sijaendelea, naomba urudi kwa mwenye nyumba mara moja zaidi. Wenye nyumba wengi wakisikia "AC ya ukutani" wanawaza ukuta kubomolewa. Spliti inahitaji tundu moja la kipenyo cha sentimita sita au saba hivi na vitundu vidogo vya skrubu, na ukihama fundi mwashi anayaziba kwa saruji na rangi siku hiyo hiyo. Mwandikie kwamba utayaziba kwa gharama yako. Nasema hivi ingawa swali lako ni la AC ya magurudumu, kwa sababu spliti ndogo ya inveta (inayopunguza mwendo wake badala ya kuzima na kuwaka) ya BTU 9,000 itakipoza chumba chako vizuri zaidi, bila kompresa (pampu inayosukuma gesi ya kupozea) kunguruma karibu na kitanda, na kwa umeme ambao mara nyingi ni nusu ya ule wa AC ya magurudumu. Bei zao dukani nazo mara nyingi hazipishani sana. Akikataa kabisa, endelea kusoma.

Kile cha maji na barafu

Hicho si AC. Ni feni inayopuliza hewa kupitia sponji au karatasi iliyolowa. Maji yanapogeuka mvuke yanachukua joto kutoka kwenye hewa, kwa hiyo hewa inatoka na ubaridi kidogo na unyevu mwingi. Dodoma wakati wa kiangazi, hewa ikiwa kavu, kinasaidia kweli. Hewa ya nyuzi 30 yenye unyevu wa asilimia 40 inaweza kushuka hadi kukaribia nyuzi 20 na kitu. Dar ni habari nyingine. Kipindi cha kaskazi, kati ya Desemba na Machi, hewa ya nyuzi 31 yenye unyevu wa asilimia 75 haiwezi kushushwa chini ya nyuzi 27 kwa njia hiyo hata mashine ingekuwa bora kiasi gani, na ikifika hapo imeshalowa mvuke. Jasho halikauki kwenye hewa ya namna hiyo. Mtoto mwenye vipele vya joto anahitaji ngozi ikauke, na mashine hii inafanya kinyume chake. Tanga, Zanzibar na Mombasa ni hivyo hivyo.

Kukitambua ni rahisi hata muuzaji akisema nini. Kinyanyue: kifaa kisicho na kompresa unakibeba kwa mikono miwili bila shida, wakati AC ya kweli ina uzito wa kilo 20 hadi 35. Tazama kibandiko cha nyuma: kikisoma wati 60 au 150, hakina uwezo wa kupoza chumba. AC ya kweli itasoma wati 700 na kuendelea, na itataja jina la gesi ya kupozea, kama R290, R32 au R410A. Na lazima iwe na bomba. Joto linaloondolewa chumbani halipotei, ni lazima litupwe mahali. Mashine isiyo na pa kulitupia haijaliondoa.

Tabia ya bomba

Hapa naomba utulie, maana asilimia kubwa ya wanaolalamika kwamba AC ya magurudumu "haipozi" shida yao iko hapa.

Mashine nyingi zinazouzwa kwetu zina bomba moja. Inavuta hewa ya chumbani, sehemu yake inaipoza na kuirudisha kwako, na sehemu nyingine inaipitisha kwenye koili ya moto (mirija inayobeba joto lililotolewa chumbani) na kuitupa nje. Ile iliyotupwa nje ilikuwa hewa ya chumba chako, tena ambayo umeshaigharamia kuipoza. Chumba kikipungukiwa hewa, hewa nyingine inaingia kujaza pengo: chini ya mlango, kwenye matundu ya juu ya dirisha, kwenye nyufa za siling bodi. Mashine ya kawaida inatupa nje mita za ujazo 300 au zaidi kwa saa. Chumba chako cha futi 12 kwa 13 chenye kimo cha futi 9 kina kama mita za ujazo 40. Maana yake hewa yote ya chumba inabadilishwa na ya joto mara saba au zaidi kila saa. Unateka maji kwa ndoo iliyotoboka, na ndoo bado inajaa kwa sababu tu unateka kwa kasi kuliko inavyovuja.

Ndiyo maana namba iliyoandikwa kwenye boksi haipatikani yote chumbani. Marekani wizara yao ya nishati iliweka kipimo kipya kinachohesabu hasara hiyo, na mashine iliyokuwa ikiuzwa kama ya BTU 14,000 sasa mara nyingi inaandikwa pia namba ya pili, ya BTU 10,000 au pungufu. Maboksi mengi ya Kariakoo yana namba kubwa peke yake. Wewe kata theluthi moja kichwani, na kwa chumba chenye matundu mengi kata karibu nusu.

Kuna mashine zenye mabomba mawili, moja la kuvuta hewa ya nje kwa ajili ya kupoza koili ya moto na moja la kuitoa. Nyingine zina bomba moja nene lenye njia mbili ndani yake. Hizo hazinyonyi hewa ya chumba kwa ajili ya kutupa joto. Ukiipata na bei ikikuruhusu, chukua hiyo bila kusitasita, hata kama ni BTU 10,000 dhidi ya 12,000 ya bomba moja.

Ukubwa wa chumba chako

Chumba chako kina kama mita za mraba 14 na nusu. Chini ya bati, Dar, mimi nahesabu BTU 600 hadi 700 za kweli kwa kila mita ya mraba. Inakuja kati ya 8,700 na 10,000. Ukishakata hasara ya bomba, unahitaji mashine iliyoandikwa 12,000 kama mtatumia usiku tu, bati likiwa limepoa, au 14,000 kama mnataka na mchana jua likiwa utosini. Ya BTU 7,000 au 9,000 utakayooneshwa kwa bei ya kuvutia itazunguka usiku kucha bila kupumzika na bado mtaamka na jasho.

Unyevu wetu nao unakula nguvu ambayo watu hawaihesabu. Kila lita moja ya maji ambayo mashine inaikamua kutoka hewani inachukua kama BTU 2,300 za ubaridi wake. Usiku wa Januari inaweza kukamua lita moja kwa saa au zaidi. Kwa hiyo kipimajoto kikishuka nyuzi tatu nne tu usidhani umetapeliwa. Hewa ya nyuzi 27 iliyokauka inalaza mtoto vizuri kuliko ya 25 yenye unyevu.

Usifikirie kupoza vyumba vyote viwili. Poza kile mnacholala, funga mlango, basi.

Ukiwa dukani

Iwashwe mbele yako. Subiri robo saa, kisha pima kwa kipimajoto kidogo hewa inayoingia na inayotoka upande wa ubaridi. Tofauti ya nyuzi 8 hadi 12 inaonyesha mashine iko sawa. Hakikisha bomba, kiunganishi chake na ubao wa dirishani vimo ndani ya boksi, kwa sababu kila mashine ina mdomo wake na bomba la kampuni nyingine mara nyingi halikai. Tazama volti: yetu ni 230, hezi 50. Kwenye mitumba kuna mashine za Marekani za volti 110 hadi 120 na hezi 60. Transfoma itabadilisha volti lakini hezi zitabaki vile vile, na transfoma ya kubeba kompresa ni nzito na ghali. Achana nazo.

Mashine mpya nyingi zinatumia R290, ambayo ni propani, jamaa ya gesi ya kupikia. Ni gesi nzuri kwa kazi hii na kiasi chake ni kidogo, lakini inashika moto. Kitabu chake kitataja ukubwa mdogo kabisa wa chumba inakoruhusiwa kukaa. Usome, ulinganishe na mita zako 14, na usiweke mshumaa, ubani au chetezo karibu nayo.

Wakati wa kuisafirisha isimame wima. Ikilazwa kwenye bodaboda, mafuta ya kompresa yanahama kwenda kwenye mirija, na ukiiwasha hapo hapo kompresa inafanya kazi kavu. Kama ililazwa, isimamishe ikae hivyo usiku mzima kabla ya kuiwasha.

Dirisha

Hukuniambia dirisha lako ni la aina gani, kwa hiyo nitataja yanayopatikana kwetu.

Kama ni la aluminiamu la kusukuma, una bahati. Sukuma kioo na wavu upande mmoja, simamisha ule ubao wa plastiki wima kwenye pengo, kisha sukuma kioo kiubane. Utaona nafasi nyembamba imebaki katikati, pale vioo viwili vinapopishana. Watu wanaisahau, na inapitisha joto na mbu usiku kucha. Ijaze sponji ya godoro uliyoikata ndefu. Dirisha sasa halifungiki kwa kufuli lake, hivyo weka kipande cha mbao kwenye reli ya chini ili mtu wa nje asiweze kukisukuma kioo. Wavu wa mbu usibaki mbele ya mdomo wa bomba, maana unapunguza mwendo wa hewa na ndani ya wiki chache unaziba kwa nyuzi na vumbi. Nondo za grili hazina shida.

Kama ni la luva, toa vioo vitatu au vinne vya chini, uvifunge kwenye gazeti uviweke chini ya kitanda kwa sababu ni mali ya mwenye nyumba. Mwite seremala akate plaiwudi ya kukaa sawasawa kwenye nafasi hiyo, na atoboe duara la mdomo wa bomba. Ipakwe rangi ya mafuta pande zote mbili, la sivyo masika itaivimbisha. Vioo vilivyobaki juu vifungwe kabisa na pembeni uweke sponji, maana luva hata ikifungwa inavuja.

Dirisha la mbao la kufungukia nje ndilo gumu kuliko yote. Kuna vitambaa vyenye zipu vinavyobandikwa kwenye fremu, vinafanya kazi, ila gundi yake haipatani na rangi inayobanduka. Plaiwudi ni bora.

Bomba lenyewe liwe fupi na lililonyooka kadiri inavyowezekana, lipande kidogo kuelekea dirishani, lisilale wala kujikunja. Linakuja na urefu wa mita moja na nusu hivi, usiliunganishe kulirefusha. Ukiligusa baada ya dakika kumi utaona lina moto, na joto hilo linarudi chumbani mwako. Lizungushie ile foili ya kuzuia joto wanayoweka mafundi paa chini ya bati. Kazi ya nusu saa na faida yake utaisikia usiku wa kwanza. Mashine ikae angalau sentimita 30 hadi 50 kutoka ukutani, isifichwe nyuma ya pazia. Ikizimwa, ziba mdomo wa bomba kwa kifuniko chake. Usipoziba, mbu na mijusi wana mlango wa kuingilia.

Na bomba litoke nje. Nje ya nyumba. Nimekuta mabomba yaliyoelekezwa juu ya siling bodi, chooni na kwenye korido. Joto linazunguka linarudi, na huko juu ya siling mvuke unalowesha jipsamu mpaka inashuka.

Moshi wa mkaa

Jambo hili silisikii likisemwa na wauzaji, na kwa nyumba ya kupanga kama yenu ni la uhai. Nimekueleza kwamba AC ya bomba moja inanyonya hewa ya kujazia kutoka popote inapopata upenyo. Kama kwenye korido kuna jirani anapika kwa mkaa, au jiko limeachwa na makaa usiku, au jenereta inanguruma karibu na mlango wa nyuma, mashine yako itavuta hewa hiyo moja kwa moja hadi kitandani kwako. Sumu ya makaa, kaboni monoksaidi, haina harufu wala rangi. Inamlaza mtu usingizi asioamka, na mtoto mchanga anazidiwa mapema kuliko mkubwa.

Kaeni na wapangaji wenzako mkubaliane: jiko la mkaa linapikiwa uani na linabaki uani. Kama hamkubaliani, usitumie mashine ya bomba moja chumbani humo, hata kama umeshainunua. Nasema hivyo nikijua bei yake.

Zingatia pia hewa ya kujazia itoke wapi. Ikiwa korido ni safi, ni afadhali itokee chini ya mlango kuliko juu ya siling, kwa sababu hewa iliyo chini ya bati ina joto kali na vumbi. Ziba nyufa za siling na matundu ya juu ya dirisha, uache upenyo wa chini ya mlango. Usijaribu kuziba kila kitu. Mashine itahangaika na bado itanyonya pale usipopaona.

Umeme na LUKU

Mashine ya BTU 12,000 inakula kama wati 1,300, karibu ampea 6. Soketi ya ukutani iliyofungwa vizuri inabeba bila shida, lakini ekstensheni nyembamba za elfu tano hazibebi. Ichomeke moja kwa moja ukutani. Baada ya nusu saa shika plagi: vuguvugu ni sawa, ikiwa ya moto izime umwite fundi umeme. Waya wa atha (unaopeleka ardhini umeme uliovuja) lazima uwepo, maana hapa kuna maji na umeme kwenye boksi moja.

Kwa kukatika na kupanda kwa umeme wetu, weka kinga ya umeme inayochelewesha kuwasha kwa dakika tatu au zaidi. Kompresa inahitaji muda huo ili mgandamizo wa gesi ushuke kabla ya kuanza tena. Usichukue ile ya friji kwa mazoea. Nyingi zimetengenezwa kwa mzigo mdogo. Soma ampea zake, ziwe 13 au 16.

Sasa uniti. Wati 1,300 kwa saa 8 ni uniti 10 na kidogo kama kompresa haipumziki kabisa. Ukiiweka kwenye nyuzi 26 na chumba kimezibwa vizuri, inaweza kushuka hadi uniti 7. Kwa daraja la T1, la matumizi ya kawaida, uniti ni shilingi 292, na ukijumlisha VAT na tozo za REA (umeme vijijini) na EWURA (mdhibiti wa nishati) inafika kama shilingi 356. Basi ni kati ya shilingi 2,500 na 3,700 kwa usiku, sawa na 75,000 hadi 111,000 kwa mwezi. Kama LUKU yenu bado iko kwenye daraja la matumizi madogo, lile la chini ya uniti 75 kwa mwezi, AC itawatoa huko na bei itapanda kwa wote. Wapangaji wenzako wana haki ya kulijua hilo kabla hujaiwasha. Funga submita kwenye laini ya vyumba vyako. Gharama yake ni ndogo kuliko ugomvi wa kila mwezi wa nani kamaliza uniti.

Usiku wenyewe

Kuta za tofali zinahifadhi joto la mchana na kulitoa usiku, wakati bati linapoa haraka baada ya jua kuzama. Kwa hiyo jioni fungua madirisha yenye nyavu kwa saa moja au mbili, feni ikipuliza kuelekea nje, litoke. Mchana dirisha la upande wa magharibi liwe na pazia zito au, bora zaidi, kivuli cha nje. Kisha funga, washa mashine kama nusu saa kabla ya mtoto kulala, iweke nyuzi 26, na feni ya dari mwendo wa chini kabisa ili ubaridi usambae. Kuweka 16 hakuharakishi chochote kwenye mashine isiyo ya inveta. Inapoza kwa kasi ile ile, ila haitasimama. Hewa isimpulizie mtoto moja kwa moja, na chandarua kibaki. AC haifukuzi mbu.

Utunzaji

Filta ndiyo kazi kubwa, na unaweza kuifanya mwenyewe. Kwa vumbi la Tabata wakati wa jua, kila wiki. Itoe, ioshe kwa maji ya vuguvugu na sabuni kidogo, ikauke kivulini kabisa kabla ya kuirudisha. Ukimpaka mtoto poda, fanya hivyo mbali na mashine, kwa sababu poda inaingia kwenye filta na ikipita inashikana na maji ya koili kuwa kama uji.

Mashine nyingi zinarusha maji zinayoyakamua juu ya koili ya moto ili yatoke na hewa ya bomba. Ikiweza kufanya hivyo, iachie, kwani inajisaidia kupoa. Lakini kwa unyevu wa kaskazi maji yanazidi, tangi linajaa, na saa nane usiku inazima yenyewe na kuonyesha alama kwenye kioo. Hapo unganisha mpira mwembamba kwenye tundu la kutolea maji hadi kwenye ndoo ya lita 20, mteremko ukiwa wa kushuka njia nzima. Mashine yenye tundu la chini tu inyanyue kwenye ubao imara. Maji hayo mwaga kila asubuhi au pigia deki. Usiyaache: mbu wa dengue anapenda maji yaliyotuama kwenye vyombo vya nyumbani, na Dar tumeshapigwa na dengue 2014 na tena 2019.

Mara moja kila miezi mitatu, chomoa plagi, toa filta, pitisha brashi laini kwenye mapezi ya koili kutoka juu kwenda chini, usiyapinde. Ikitoa harufu ya uchachu, ni ukungu kwenye sinia la maji. Kuuzuia, kila ukimaliza kutumia iache kwenye feni tu dakika 20 hivi ikauke ndani. Juni ikifika na upepo wa kusi ukituliza joto, fungua kizibo cha chini maji yote yatoke, iendeshe kwa feni saa kadhaa, ifunike kwa shuka, isimame wima. Usiifunike kwa nailoni, inafungia unyevu ndani.

Ikianza kupoza kidogo, tafuta kwa mpangilio huu: filta, kisha bomba kama limechomoka au kubonyea, kisha sponji za dirishani, kisha koili. Karibu kila mara utakuta jibu kabla hujafika mwisho. Kama vyote viko sawa na tofauti ya nyuzi imeshuka chini ya 5, ita fundi. Akikuambia moja kwa moja "gesi imeisha, tujaze", mzuie kwanza. Gesi ya AC haiishi kwa kutumika. Kama imepungua, imevuja, na mashine hizi zimefungwa kiwandani bila mahali pa kujazia. Muulize amekuta wapi palipovuja na atapaziba vipi. Na kama kibandiko kinasema R290, asiwashe moto wa kuchomelea ndani ya chumba chako. Aitoe uani, aitoe gesi iliyobaki kwanza, ndipo aanze kazi.